Kichwa cha Nguruwe Mbele ya Roboti

Kichwa kililetwa Jumamosi asubuhi, kimechemshwa na kufungwa kwa karatasi nyeupe, na Bosi Maeng alikikagua kabla ya kukilipia. Alitaka kinachotabasamu. Wachinjaji wa Gimhae, mji wetu, wanajua kwamba kichwa cha nguruwe chenye midomo iliyopinda juu huuzwa ghali zaidi, kwa kuwa ndicho kinachotafutwa na wanaofungua duka, wanaonunua lori au wanaosimika mashine. Hiki kilitabasamu vya kutosha. Bosi alikiweka mezani kwa mikono yake, kikitazama uzio wa roboti, akapanga pembeni keki ya mchele yenye maharage mekundu, matunda, na samaki mkavu aliyeviringishwa uzi mweupe. Mbele ya meza akatandika mkeka.

Mimi ni mhandisi wa uzalishaji katika kiwanda cha Bosi Maeng. Tunasubu kava za pampu za maji za magari kwa aluminiamu. Hatuiuzii kampuni ya magari. Tunamuuzia anayeiuzia kampuni ya magari, naye kila mwaka hutuomba tushushe bei. Neno analotumia ni "kuomba". Wachina wanauza kava kama yetu kwa bei ambayo sisi tunanunulia aluminiamu peke yake. Tangu Wamarekani walipopandisha ushuru, maagizo yetu yalikuwa yanapungua kila robo ya mwaka, na vijana wa mji huu hawataki kusikia harufu ya tanuri. Zamu ya usiku inaendeshwa na Wanepali. Watu wa nje husoma magazetini kwamba nchi yetu inauza meli, magari na simu dunia nzima, wakadhani kila kiwanda kinanenepa. Bondeni kwetu kuna viwanda vidogo vimebanana kama meno, na kila mwezi jino moja linang'oka.

Ndiyo maana ikaletwa roboti. Pendekezo lilikuwa langu, na leo hii ningelitoa tena. Katika chumba cha msasa walikaa watu kumi na wawili wakisugua kingo kali za kava, mmoja mmoja, kwa mkono, wamevaa barakoa. Roboti ya mikono miwili ingeifanya kazi yao yote, usiku na mchana, ikiangaliwa na mtu mmoja. Jumatatu alasiri wakaguzi wa mnunuzi walikuwa wanakuja kuiona. Wasipoikuta inafanya kazi, agizo la mwaka ujao lingekwenda kwa kiwanda kingine, Mexico.

Mtu mmoja kati ya kumi na wawili. Bosi alikuwa amesema atakuwa Tak Byeong-u au Ok Jeong-ran, na kwamba jina atalitaja siku ya ibada ya kuikaribisha roboti. Waliobaki wangeondoka mwisho wa mwezi.

Tak alikuwa na miaka hamsini na minne, na ndiye aliyekuwa kiongozi wa chumba cha msasa tangu mimi nikiwa shule ya sekondari. Kwetu kiwandani mtu hustaafu akiwa na sitini. Mwanamume wa hamsini na minne akitoka hapa, hakuna kiwanda bondeni kitakachomchukua. Atalinda maegesho ya magari au atapeleka vifurushi kwa pikipiki. Hilo alilijua, na mimi nililijua. Sikumpenda. Mwaka wangu wa kwanza aliniita "Binti Chuo" mbele ya chumba kizima, watu wakacheka, na jina likabaki. Kilichokuwa mbele yake siku ile hakikubadilisha chochote kati yetu.

Nilikuwa nafunika kabati la umeme la roboti kwa nailoni alipokuja na chupa mkononi, ya pombe ya mchele inayomwagwa kuzunguka mashine mpya.

"Binti Chuo. Unamvisha bwana harusi koti la mvua?"

"Juu ya kabati kuna feni, na kifuniko chake bado hakijafungwa. Pombe isifike hapa."

"Mimi nimepewa kona nne za sakafu tu. Ya juu ni ya Bosi." Aliitikisa chupa ili machicha ya mchele yachanganyike. "Kwani huyu hanywi?"

"Hanywi."

"Hanywi, hali, haendi msalani, hana mama wa kuzika. Ndiyo maana mnampenda."

"Anapenda kazi, Kiongozi. Wewe mwaga kona zako."

Alizimwaga, moja baada ya nyingine, chini kabisa, nje ya uzio, kwa uangalifu wa mtu aliyeifanya kazi hiyo mara nyingi. Nilimwangalia mpaka kona ya nne. Chupa ilibaki nusu, akaiweka chini ya meza.

Watu wa chumba cha msasa walikuwa wamejipanga mstari mmoja, na wale wa tanuri nyuma yao. Kando ya uzio alisimama Fundi Byeon, aliyetumwa kutoka Daegu na kampuni iliyotuuzia roboti. Alishika kidhibiti chake kifuani kama mtu aliyealikwa kwenye harusi asiyoijua. Bosi Maeng alikuja na suti nyeusi. Kitu cha kwanza alichofanya ni kuivuta nailoni.

"Bosi, iache," nikasema. "Kifuniko cha feni hakijafungwa."

"Unamtambulisha mgeni akiwa ndani ya mfuko wa sokoni?"

"Dakika kumi tu. Ibada ikiisha naitoa mwenyewe."

"Mhandisi Pyo, siku hii imechaguliwa na mtu anayejua siku za heri. Wewe umechagua mashine. Kila mtu abaki na kazi yake."

Aliikunja nailoni akampa mtu wa karibu. Kisha akafungua karatasi na kusoma, kwa sauti ya redio ya zamani, akiwaomba mzimu mwenye ardhi na mzimu mwenye jengo wamkaribishe mgeni huyu wa chuma. Maagizo ya ng'ambo yaje, kontena zijae, bandari isilale. Tena asijeruhiwe mtu yeyote.

"Hatajeruhiwa," Tak alisema taratibu, lakini si taratibu sana. "Watu watakuwa hawapo."

Mstari wa msasa ukatikisika. Mtu mmoja alijifanya anakohoa. Bosi aliikunja karatasi.

"Una la kusema, Kiongozi Tak?"

"Naitikia dua, Bosi."

Bosi alivua viatu, akapiga magoti mkekani, akaweka paji la uso chini, akainuka, akarudia mpaka mara tatu. Alipomaliza alichomeka noti mpya ya won elfu hamsini katikati ya meno ya nguruwe. Kwa desturi, baada ya mwenye kiwanda huinama atakayekaa karibu na mashine, au mkubwa wa chumba. Bosi alinyoosha mkono kuelekea mkekani.

"Karibu, Kiongozi."

Tak hakusogea.

"Bosi, hapa nimeziinamia mashine zote. Presi ya kwanza nimeiinamia. Tanuri lile la pili nimeliinamia, tena siku hiyo nilikuwa na homa. Zote zilikuja kufanya kazi na mimi. Hii inakuja kunitoa. Kwetu, mgeni anayekuja kumtoa mwenye nyumba haandaliwi mkeka."

"Nani amesema inakutoa wewe?"

"Basi sema inamtoa nani."

"Inama kwanza."

"Sema kwanza."

"Tak, usinifanyie mkutano mbele ya kichwa cha nguruwe."

"Sijafanya mkutano. Nimesimama tu. Bado kusimama ni bure, au mnunuzi ameomba nako kushushwe?"

Safari hii walicheka hata watu wa tanuri. Bosi Maeng alikuwa mtu wa kutokwa na jasho juu ya mdomo akikasirika, na jasho lilikuwa limekwisha kutoka. Aligeuka.

"Mama Ga-on!"

Ok Jeong-ran, ndiye Mama Ga-on, alikuwa na miaka arobaini na moja na ulimi mkali kuliko kingo alizokuwa anazisugua. Nilipoleta programu ya kujifunzia roboti, wengine waliitazama kama picha ya ugonjwa. Yeye aliimaliza jioni mbili na kuniuliza kama kuna nyingine. Alivua viatu vyake vya usalama kabla jina lake halijamaliza kuitwa. Aliinama vizuri mara tatu, hakuharakisha, akachomeka noti yake puani mwa nguruwe kwa sababu mdomoni palikuwa na noti ya Bosi.

"Mwangalizi wa roboti," Bosi akatangaza, "ni Ok Jeong-ran. Nimemaliza."

Hakuna aliyepiga makofi. Tak alimtazama Ok akifunga kamba za viatu.

"Hongera, Mama Ga-on. Mlee vizuri. Akikua atakutoa na wewe."

"Kaka, mkeka uliletewa wewe kwanza," Ok alijibu bila kuinua uso. "Umeukataa. Sasa usimpigie kelele aliyevua viatu."

"Sikupigii kelele. Nakupa pole mapema."

"Pole yako iweke. Utaihitaji nyumbani."

Hapo ndipo Bosi alipochukua kikombe cha mwisho, cha pombe ya kumwaga juu. Mstari ulikuwa umeinamisha vichwa, kama inavyotakiwa. Mimi sikuinamisha changu. Nilikuwa natazama kabati. Bosi aliingia ndani ya uzio, akazunguka nyuma, akainua kikombe kwa mikono miwili mpaka juu ya kichwa chake.

"Bosi, si hapo."

Alikuwa ameshamwaga. Pombe nyeupe ilienea juu ya bati, ikasita ukingoni mwa tundu la feni, halafu ikaingia.

"Utajiri hutoka juu," alisema, akatoka nje ya uzio akijifuta vidole. "Fundi, washa."

Fundi Byeon alinitazama mimi. Nilitikisa kichwa. Bosi akarudia, "Washa," na kwa kuwa mwenye mashine ni yeye, Byeon akabonyeza. Mkono wa kushoto uliinuka kwa utulivu, ukafika nusu, kiganja kimefunguka kuelekea kwa nguruwe. Kabati likatoa mlio mfupi. Taa zote zikazimika, na ikaja harufu ya plastiki iliyoungua ikichanganyika na uchachu wa pombe. Mkono ulibaki juu, kama wa mwanafunzi anayejua jibu na mwalimu hamtazami.

Byeon alikata umeme, akafungua mlango wa kabati. Pombe nyeupe ilikuwa ikidondoka kutoka kadi moja ya umeme hadi nyingine.

"Nani amemwaga?" akauliza. Hakuwa mkali. Alikuwa anatakiwa kujua.

"Huyo!" Bosi alinyoosha kidole kwa Tak. "Huyo hapo! Ndiye aliyeshika chupa. Amekataa kuinama, amenidhihaki, kisha ameniulia mashine. Mmemsikia wote. Leo hii hii naita polisi. Mtu anayeharibu mali ya kazi hatoki na kiinua mgongo, anatoka na pingu!"

Watu walisogea mbali na Tak, si sana, hatua ya mtu anayempisha mwenzake anayepiga chafya. Nilielewa wanawaza nini. Alikuwa na sababu na alikuwa na chupa. Habari ya aina ile husafiri bondeni kabla ya chakula cha mchana. Kufikia Jumatatu angekuwa yule mzee wa msasa aliyeua roboti, na hata maegesho yangemkataa.

Tak hakujitetea. Alitazama kabati kwa jicho la mnunuzi.

"Ningekuwa mimi," akasema, "ningemwaga chupa nzima."

"Mmesikia? Amekiri!"

"Amesema angekuwa yeye," nikasema. "Hakuwa yeye. Ni wewe, Bosi."

Sikulisema kwa ajili ya Tak. Byeon alikuwa ameuliza swali, na swali lilikuwa na jibu moja.

"Mhandisi Pyo, fikiri kabla hujaendelea."

"Tak amemwaga kwenye sakafu, nje ya uzio, kona nne. Sakafu bado imelowa, mtu yeyote ainame aone. Kabati ni refu kuliko yeye, na hakuingia ndani ya uzio hata mara moja. Wewe umeingia na kikombe umekimwaga juu ya feni. Nailoni niliiweka kwa ajili hiyo, ukaitoa."

"Kikombe kimoja!"

"Kimoja kimetosha."

"Baba yangu alimwagia mashine pombe miaka thelathini. Pombe haijawahi kuua mashine hapa."

"Mashine za baba yako zilikuwa mikanda na grisi."

"Unasomeshwa, unaletwa hapa, unalipwa, halafu unasimama mbele ya watu wangu kunishtaki?"

"Sijakushtaki. Fundi ameuliza."

Byeon alisafisha koo. "Niseme tu kwamba waranti hailipii kimiminika," alisema. "Awe amemwaga mwenye mali au mlevi wa njiani. Kadi ya ziada ipo moja Daegu. Nikiifuata kesho, Jumatatu mchana inaweza kuwaka. Lakini ni hiyo moja. Ikiungua na hiyo, nyingine inatoka ng'ambo, na wiki siwezi kuzitaja."

Niliona Bosi Maeng akilipokea hilo. Wakaguzi Jumatatu alasiri, kadi Jumatatu mchana, na baada ya hiyo hakuna. Mtu mwingine yeyote angeagiza kifuniko cha feni kifungwe kwa skrubu nne. Bosi alitazama mkono wa roboti uliobaki hewani, akatazama nguruwe, kisha akatazama mkeka, na uso wake ukalegea kama wa mtu aliyepata jibu la hesabu iliyomsumbua.

"Ibada ilikatika," akasema.

"Bosi?"

"Baba alikuwa akisema: mkubwa wa chumba asipoinama, mwenye ardhi hafungui mlango. Mkubwa wa chumba hakuinama. Mlango haukufunguliwa. Ndicho kilichotokea." Sasa alikuwa anaongea kwa haraka, karibu kwa furaha. "Siyo pombe. Ni hapa mkekani palipoachwa wazi."

"Ni kadi ya umeme iliyolowa," nikasema.

"Wewe endelea na kadi zako. Tak yuko wapi?"

Tak alikuwa mlangoni, amekwisha vaa jaketi. Bosi alimfuata nusu ya njia, jambo ambalo sikuwahi kumwona akilifanya kwa mfanyakazi.

"Kiongozi. Rudi uiname. Kazi ya kuangalia roboti ni yako."

"Dakika chache zilizopita nilikuwa wa pingu."

"Maneno ya hasira. Rudi."

"Bosi!" Ok Jeong-ran alitoka kwenye mstari. "Umeshalitaja jina langu. Mbele ya watu wote hawa."

"Nimelitaja mbele ya mashine iliyokufa. Halihesabiki."

"Mimi nimeinama, na mashine imekufa mikononi mwako, si mwangu."

"Mama Ga-on, rudi kwenye mstari."

Ok hakurudi. Alisimama pale alipo, mikono mfukoni, akimtazama Tak.

Tak alirudi taratibu. Alivua jaketi, akavua viatu, akavipanga sambamba pembeni mwa mkeka. Alipiga magoti, akaweka paji la uso chini, akakaa hapo kwa muda wa kutosha, akainuka. Akainama mara ya pili, vilevile. Alipoinuka, alinyoosha suruali yake, akatoka mkekani na kuingiza mguu kwenye kiatu.

Kwa wengine hili linaweza kuonekana dogo. Mzee aliye hai tunamwinamia mara moja. Wenye ardhi na wenye jengo, mara tatu. Mara mbili ni ya marehemu. Mtu anayeinama mara mbili, akainuka na kuvaa viatu, amefanya anachofanya kila mtu mbele ya picha yenye utepe mweusi, kabla ya kwenda kuwapa wafiwa mkono. Hakuna mtu chini ya paa lile ambaye hakuelewa, isipokuwa Wanepali wawili wa tanuri, nao walielewa kutokana na nyuso zetu.

"Bado moja," Bosi alisema.

"Najua kuhesabu."

"Tak! Bado moja!"

"Umesema kazi ni yangu. Mpaka lini?"

"Mpaka... tutaona inavyokwenda."

"Sawa." Tak aliingiza mguu wa pili. "Basi mgeni wako amezikwa vizuri. Poleni na msiba."

Mtu mmoja nyuma akaguna. Bosi Maeng alimshika Tak kwenye kiwiko. Jasho la juu ya mdomo lilikuwa limeshuka hadi kidevuni. Nimesoma hesabu za kiwanda hicho na najua alichokuwa amekiweka rehani ili roboti ije. Hata hivyo hakuwa anaogopa benki. Aliogopa kuinama mara mbili.

"Unataka nini?"

"Mpaka sitini. Kwa cheo changu hikihiki, si cha mwangalizi."

"Miaka sita? Siku hizi nani anamwahidi mtu miaka sita? Mimi mwenyewe sijui kama nina miwili!"

"Basi nisikuchoshe."

"Mpaka sitini," Bosi alisema upesi. "Haya. Mpaka sitini."

"Liseme mbele ya fundi wa Daegu. Na mbele ya Binti Chuo. Huyo hanipendi, lakini akiulizwa anajibu."

Bosi akalisema tena, kwa sauti, akitutazama mmoja mmoja. Byeon aliitikia kwa kichwa, bila kujua ameitikia nini. Mimi nikasema nimesikia. Tak alivua viatu tena, akavipanga tena, akainama mara ya tatu. Hakuharakisha. Alipoinuka aliitoa noti ya elfu moja mfukoni, ile ya chini kabisa, akaikunja na kuichomeka sikioni mwa nguruwe.

Ok alisubiri mpaka Tak alipokaa kwenye ndoo kufunga kamba.

"Kaka, Bosi alikuwa mkononi mwako. Alikuwa anatetemeka. Ungesema na mimi nibaki, angekubali."

"Labda."

"Ungesema watu wanne, angekubali. Ungesema wote mpaka mwakani!"

"Wote asingekubali."

"Ulijaribu?"

"Sikujaribu."

"Kwa nini?"

Tak aliikaza kamba. "Kwa sababu ningeongeza jina la pili angeanza kuhesabu. Akihesabu, anaacha kuogopa. Nilikuwa na kuinama kumoja tu, Mama Ga-on. Nimekula mwenyewe."

"Angalau husemi uongo."

"Wewe nusu saa iliyopita ulinigawia nini?"

Ok aligeuka. Alikwenda mezani, akachukua kisu, akaanza kukata kichwa cha nguruwe, kwa kuwa chakula cha ibada lazima kiliwe na wote na siku hiyo hiyo. Alikata masikio, akakata shavu, kwa mapigo mafupi. "Nilikuwa na kazi nusu saa," alimwambia nguruwe. "Hata likizo sikuomba." Watu walicheka kicheko kibaya, wakapokea sahani zao. Sahani ya Tak hakuna aliyeijaza. Alikwenda kujikatia mwenyewe, akala amesimama, akamaliza.

Byeon alileta kadi. Niliifunga mimi, nikakifunga na kifuniko cha feni kwa skrubu nne, na Jumatatu mchana mikono yote miwili ilifanya kazi bila kosa. Wakaguzi walikuja alasiri, wawili, wakapima kava, wakapiga picha. Walipoona chumba cha msasa kimebaki na viti vitupu vya zamu iliyoruhusiwa kwenda nyumbani mapema, mmoja wao alihesabu viti, akamwambia Bosi kwa adabu kwamba kwa kuwa gharama za watu zimeshuka, mwakani wangeomba bei nayo itazamwe. Agizo lilibaki kwetu. Bosi Maeng husimulia bonde zima kwamba roboti yake ilikataa kuwaka mpaka mkubwa wa chumba alipoinama mara ya tatu. Nimeacha kumsahihisha. Anaposimulia, skrubu nne hazimo.

Mwisho wa mwezi watu kumi na mmoja walipita kiwandani kuaga. Walianza tanurini, wakaja presi, wakaja kwangu, kisha wakapita kando ya uzio. Tak alitoka mlangoni mwa uzio na kunyoosha mkono. Watatu au wanne waliushika, wakiwa wanatazama kwingine. Ok Jeong-ran alikuwa wa mwisho, na begi lake begani. Alipita mbele yake bila kupunguza mwendo, akatokea uwanjani, na tukamsikia akiuliza mtu kama kiwanda cha mipira ya milango ya magari kule juu bado kinachukua wanawake.

"Hakichukui," Tak alisema, bila kumwambia mtu yeyote. Aliurudisha mkono wake, akaingia ndani ya uzio na kufunga mlango, kwa kuwa roboti haiwaki mlango ukiwa wazi.